Siku Bi Hamira Alipouandika Mkate

Mimi na wifi yangu tumegombana miaka ishirini na sita kwa sababu ya mizani, na sioni aibu kusema. Mimi ndiye mtunza stoo wa chuo cha upishi. Yeye ndiye mwalimu wa mikate. Mwalimu mwingine yeyote akitaka kitu stoo anaandika fomu: unga kilo nne, sukari gramu mia mbili, mayai kumi na mawili, sahihi yake chini. Wifi yangu anasimama mlangoni, mkono kiunoni, anasema, "Nipe unga."

"Kiasi gani?"

"Wa kutosha."

"Wifi, kutosha si kipimo."

"Kwako wewe usiyejua kupika."

Haya, ukweli usemwe, sijui kupika. Natunza vyakula, sivipiki, kama vile karani wa benki asivyokuwa tajiri. Basi nampimia kilo nne kwa ukaidi tu, naye anatia mkono kwenye gunia langu, anaongeza konzi mbili na kuondoka akicheka. Wanafunzi wanamwita Bi Hamira. Anayetaka kujua kwa nini amwambie kwamba mkate wake una kasoro, aone anavyoumuka.

Huyo ndiye ninayetaka kumsimulia. Msitarajie nitammwagia sifa, maana wifi hamsifu wifi mwenzake hadharani bila sababu. Lakini sababu ninayo.

Chuo chetu hakikuanza kwa maringo. Kilikuwa gereji. Sakafu ilikuwa bado na madoa ya oili tulipoingiza majiko manne ya gesi na meza mbili za mbao, na paa lilikuwa bati tupu. Wanafunzi walikuwa kumi na mmoja. Kozi ilikuwa ya miezi mitatu, na mwisho wake mtu alipewa cheti, akapeana mkono na mkuu wa chuo, akaenda zake. Stoo yangu ilikuwa kabati moja lenye kufuli. Wifi yangu ndiyo kwanza alikuwa ameolewa na kaka yangu, fundi viatu, na mimi ndiye niliyemtafutia kazi pale ya kuosha sufuria. Namkumbusha hilo kila mwaka, asije akasahau.

Sasa, mwalimu wa mikate wa wakati ule alikuwa bwana mmoja mwenye kofia ndefu na maneno mengi. Jumanne moja asubuhi akachanganya unga kwenye beseni, akaufunika, akasema anatoka kidogo kununua sigara. Mpaka leo hajarudi. Unga ukaumuka, ukafika ukingoni mwa beseni, ukaanza kushuka upande wa pili, wanafunzi kumi na mmoja wametoa macho wanautazama. Wifi yangu alikuwa karoni. Alikulia kwenye kiwanda cha mikate alikofanya kazi mama yake. Akakausha mikono kwenye kanga, akasema, "Sogeeni."

Mkate wa siku ile niliula mimi mwenyewe, tena bado wa moto. Mkuu wa chuo wa kwanza akamwambia aendelee kufundisha mpaka apatikane mwalimu. Wakasahau kumtafuta.

Chuo kikakua. Loo, kilikua! Mwaka wa tano tulikuwa na wanafunzi sabini na cheti cha mwaka mzima. Mwaka wa tisa ikaja diploma ya miaka miwili, watu wakaanza kushuka getini na masanduku, wazazi wanauliza bweni liko wapi, na sisi hatuna bweni, tunakimbizana kulitafuta. Mwaka wa ishirini likasimama jengo jipya la ghorofa tatu, majiko yanang'aa, kuta za kioo, na lifti inayofanya kazi siku inapojisikia. Mimi kutoka kabati nikapewa vyumba vitatu na chumba cha baridi ambacho nikiingia navaa koti. Kila mtu alihamia jengo jipya isipokuwa Bi Hamira. Alikataa katakata. "Unga unapenda hapa," akasema, akabaki gerejini chini ya bati lake, anatoa jasho na wanafunzi wake, na mikate inatoka kama mito ya kulalia.

Kisha ikaja shahada.

Tulishangilia, msione. Chuo kilichoanzia kwenye gereji kutoa shahada ya upishi! Tulipiga vigelegele mpaka walinzi wakaja kuangalia kuna nini. Wiki mbili baadaye mkuu wa chuo wa sasa akaja gerejini kwa miguu yake. Huyu mkuu zamani alikuwa mwanafunzi wa wifi yangu, na keki yake ya kwanza ilitoka imeiva nje tu, ndani uji. Tangu siku hiyo wifi anamwita Keki Mbichi, hata mbele ya wageni wenye tai.

"Shikamoo, Mwalimu," akasema mkuu, huku akizungusha funguo kidoleni.

"Marahaba, Keki Mbichi. Mbona unatoka jasho? Sema."

Akasema. Baraza linaloidhinisha vyuo limeleta kanuni: mtu asiye na shahada hawezi kufundisha darasa la shahada. Na baada ya miaka mitatu chumba cha mikate kizima kitakuwa cha shahada. Mwalimu mwenye karatasi atatafutwa. "Tutakupangia kazi nyingine, Mwalimu. Labda stoo, na wifi yako."

Mimi nilikuwa mlangoni na gunia la unga. Nikawaza, mtu huyu amefundisha nusu ya wapishi wa mji huu, na leo anamwaga unga kwa sababu ya karatasi. Nilipandwa na hasira mpaka nikaliachia gunia likaanguka.

Bi Hamira hakuumuka. Hilo ndilo lililonitisha. Alikwangua unga kwenye vidole polepole, akauliza, "Hiyo shahada inachukua muda gani?"

"Miaka mitatu, Mwalimu."

"Na umri una kikomo?"

"Hauna."

"Basi niandike. Nikifaulu, chumba hiki ni changu. Nikianguka, naenda kuhesabu viazi na huyu." Akaninyooshea kidole.

Alikuwa na miaka arobaini na tisa. Kuna watu walisema samaki mkunje angali mbichi. Mimi nikawajibu kwamba ng'ombe hazeeki maini, ingawa kusema kweli moyoni sikuwa na uhakika. Wifi yangu hakuwahi kuandika kitu kirefu kuliko orodha ya sokoni.

Wakampangia ratiba. Asubuhi anafundisha darasa la cheti gerejini, mchana anapanda jengo jipya na daftari kwapani, anakaa mstari wa mbele na vijana ishirini na mmoja ambao wote wangeweza kuwa wanawe. Wiki ya kwanza alishuka stoo kama radi.

"Wifi! Yule mhadhiri wa miwani anasema eti hamira ni viumbe hai! Vina uhai! Vinakula sukari, vinapumua!"

"Sasa?"

"Sasa mimi miaka yote hii nimekuwa nikiviua tanurini bila hata kuviombea!"

Kesho yake nilimsikia gerejini akiwapigia kelele wanafunzi wa cheti: "Maji ya moto hivyo unamwagia nani? Hao ni viumbe! Wewe ungependa kumwagiwa?" Alikwisha kujifanya yeye ndiye aliyevigundua.

Shida ilikuwa vipimo. Mtihani wowote wa shahada unataka gramu, na wifi anajua konzi. Kaka yangu akapata wazo. Kaka ni mtu wa maneno machache, anakaa na kiatu cha mtu magotini na misumari mdomoni, ndiyo maana haongei. Jumamosi moja akaitoa misumari, akasema, "Dada, si unayo mizani? Mpime mkono."

Basi tukakaa sebuleni kwao mchana kutwa. Mizani ya stoo mezani, gunia sakafuni, kaka na penseli. Wifi anachota, mimi napima, kaka anaandika. Konzi ya unga: gramu arobaini na mbili. Tena: arobaini na moja. Tena: arobaini na mbili. Nikadhani mizani imekwama, nikaweka kipande cha sabuni, ikasoma vizuri. Tena: arobaini na mbili. Chumvi ya ncha za vidole, vilevile kila mara. Nilirudia mara thelathini nikitafuta kosa, maana miaka yote hiyo nilikuwa nimeshikilia kwamba anakisia. Kumbe hakisii. Mkono wa wifi yangu ulikuwa mizani kabla sijaajiriwa mimi.

"Sema," akaniambia, anatabasamu.

"Sisemi."

"Sema, wifi."

"Uko sawa. Umefurahi?"

Alifurahi mpaka akainuka kucheza, na unga ukamwagika kwenye zulia, na kaka akacheka hadi penseli ikamdondoka. Siku ile tulidhani kazi imekwisha.

Miaka miwili na nusu ikapita hivyo, akafaulu hesabu, akafaulu usafi wa jikoni, akafaulu hata lugha ya kigeni ya mikahawa mikubwa, ambayo huitamka kama anayetafuna moto. Ukabaki mtihani wa mwisho. Mtihani huo ulibuniwa pale pale chuoni, nao wanauita mkono wa pili. Mwanafunzi haandiki majibu, wala hapiki. Anaandika namna ya kupika kitu chake kimoja. Kisha inapigwa kura kati ya wafanyakazi wa chuo, makarani, walinzi, madereva, watu ambao hawajasomea upishi. Atakayeangukiwa na kura anapewa karatasi, anapika kama ilivyoandikwa. Aliyeandika anasimama nyuma ya kioo. Akisema neno, akionyesha kwa mkono, akigonga kioo, sifuri.

Mtu anyamaze! Tena huyu! Nilipoisikia kanuni hiyo nilikaa chini.

Tukafanya jaribio nyumbani, kaka ndiye mkono wa pili. Wifi akaandika karatasi safi kabisa, gramu zote, dakika zote. Akakaa kochini, kajifunga kitambaa mdomoni. Kaka akafuata kila neno, maana fundi viatu anaheshimu kipimo. Baada ya saa mbili akatoa tanurini kitu nisichojua nikiite nini. Kilikuwa kigumu. Kaka alikigonga kwa nyundo yake ya kazi, nyundo ikaruka.

"Umefanya nini?" wifi akafoka, kitambaa kimeshuka shingoni. "Hukukanda?"

"Hakujaandikwa kukanda."

Tukaichukua karatasi. Changanya, funika, subiri, oka. Kukanda hakukuwapo. Aliacha kitu chenyewe!

"Kila mtu anajua mkate unakandwa!" akasema.

"Mimi sikujua," kaka akasema kwa upole.

Ndugu zangu, maji yalizidi unga siku ile. Aliandika tena, akasahau kuandika maji yawe vuguvugu. Akaandika tena, akasahau kupaka mafuta chombo. Kila kitu alichokijua sana ndicho kilichokuwa hakiji kwenye karatasi, kwa sababu mkono wake hukifanya bila kumwambia. Mwezi mmoja kabla ya mtihani akaja stoo, hana kelele, akakaa juu ya gunia la mchele.

"Nitengee nafasi hapa, wifi. Nitakuja kuhesabu viazi."

Nilikasirika vibaya sana. Sikumhurumia hata kidogo, nawaambia wazi. "Nafasi hakuna," nikasema. "Stoo imejaa. Toka juu ya mchele wangu. Miaka hii yote watoto wa watu wameingia gerejini hawajui kukanda wala kuchemsha maji, wametoka wapishi. Hao uliwafundishaje?"

"Nilikuwa nawaona! Mtu akikosea namwona, namwambia!"

"Unamwambiaje?"

Akafungua mdomo aniambie, badala yake mikono ikaanza kukanda hewa. Nikajua. Hata maneno anayowaambia hayajui. Nayo anayatoa bila kujisikia.

Kesho yake nilifunga stoo saa nne asubuhi, jambo ambalo sijawahi kulifanya, nikabeba kiti mpaka mlango wa gereji na bunda la fomu za stoo. Wiki nzima nilikaa pale nikiandika nyuma ya zile fomu kila kelele iliyotoka kinywani mwa Bi Hamira kwa wanafunzi wa cheti. Wewe, acha kuongeza unga! Najua unanata, uache unate! Mbona unaupapasa kama paka, usukume! Umechoka? Ndiyo kwanza unaanza kulainika! Walimu wenzake walipita wakiniuliza wanaotaka vitu stoo waende kwa nani. Nikawaambia wangoje.

Ijumaa nikampa fomu sitini na tatu. Akasoma moja, akasoma ya pili, akaanza kucheka, kisha akashika kichwa. "Hivi mimi ndivyo ninavyofokea watoto wa watu?"

"Kila siku."

"Masikini weee." Halafu akazishika zile fomu kifuani. "Wifi, mkate wenyewe ndio huu."

Siku ya mtihani mimi jina langu lilitolewa kwenye kura kwa sababu ya undugu, lakini nilikuwepo jikoni kwa kuwa mimi ndiye niletaye vitu. Ghorofa ya tatu, jiko la kioo, kiyoyozi kinavuma. Watahini watatu wenye makoti meupe, mkubwa wao mama mmoja kutoka chuo kingine, hacheki hovyo. Nyuma ya kioo Bi Hamira, amefunga midomo kama mtu aliyefungiwa zipu. Mkuu wa chuo akavuta karatasi kwenye kofia, akasoma: mtunza bustani.

Nilitaka kulia. Bwana Jembe! Mikono kama makoleo, mtu ambaye hata chai huchemshiwa. Alinawa, akavaa aproni ikamfika tumboni tu, akaishika karatasi mbali na macho, akaanza kusoma kwa sauti huku kidole kinafuata mstari.

"'Maji yawe ya vuguvugu. Yajaribu kwa kiwiko, si kwa kidole. Kidole chako kimezoea moto, kitakudanganya.'" Akajaribu kwa kiwiko. Akatikisa kichwa, akapunguza moto.

Akapima, akachanganya, akaanza kukanda. Unga ukamnata mpaka kwenye vifundo. Akatazama huku na huku, mkono ukaenda polepole kwenye bakuli la unga mkavu. Nikafumba macho. Kisha nikamsikia anasoma mstari unaofuata: "'Sasa unanata, na mkono wako unatafuta unga wa kuongeza. Najua. Urudishe huo mkono.'"

Bwana Jembe akaruka, akageuka nyuma. "Huyu ananiona?" akauliza.

Watahini wawili walicheka. Yule mama aliandika kitu.

"'Kanda mpaka uchoke,'" akaendelea. "'Umechoka? Bado. Dakika nne tena, usukume kwa kiganja, usiupapase. Ukianza kumlaumu aliyekuandikia, ujue umekaribia.'"

"Nilishaanza," akasema Bwana Jembe, akakanda. Donge likalainika, likang'aa. Akalifunika, akaliacha juu ya meza dakika hamsini kama ilivyoandikwa.

Dakika hamsini zikaisha. Akafunua. Unga umelala vilevile, haukupanda hata kidole. Na mimi nikaelewa. Kiyoyozi! Wifi yangu maisha yake yote ameumua unga chini ya bati la gereji, kwenye joto la kuchomea mtu ndani ya nguo. Hakuwahi kupika humu kwenye baridi. Nikamtazama kiooni. Ameelewa pia. Amejaza aproni mdomoni, machozi yanamtoka, mikono ameikalia isije ikaonyesha kitu.

Bwana Jembe akakuna shingo, akarudi kwenye karatasi. "'Usiiamini saa. Uangalie unga. Kama haujawa mara mbili, hapo pana baridi. Ubebe ukatafute joto, popote lilipo.'" Akaisoma tena kimoyomoyo. Kisha uso wake ukafunguka. "Ah! Joto? Joto ninalo!"

Akalibeba beseni kwapani, akaelekea mlangoni.

"Unakwenda wapi?" mtahini mmoja akashtuka.

"Kwenye miche yangu."

Wote wakamtazama yule mama mkubwa. Akanyoosha mkono, akaiomba karatasi, akasoma mstari ule kwa makini. "Imeandikwa popote," akasema. "Twende."

Basi tukashuka ngazi, lifti siku hiyo haikujisikia. Mbele Bwana Jembe na beseni, nyuma makoti meupe matatu, mkuu wa chuo, na mimi, nani angenizuia? Tukapita bustanini mpaka kwenye banda lake la nailoni anamokuzia miche. Ndani kulikuwa na joto na unyevu, miwani ya watahini ikaingia ukungu. Akaliweka beseni katikati ya nyanya changa, akakaa juu ya ndoo iliyopinduliwa. "Hapa hata mti mkavu unachipua," akasema. Baada ya nusu saa kitambaa kilianza kuinuka chenyewe. Bwana Jembe alikuwa anakichungulia kila dakika, anaita, "Njooni muone, njooni!" na wale watahini wakawa wanakwenda kweli, wanainama, makoti yamelowa jasho. Yule mama asiyecheka alivua viatu.

Tuliporudi ghorofani Bi Hamira alikuwa hajui lolote. Aliona unga wake unatoka mlangoni na mtunza bustani, basi. Saa nzima alibaki na kioo na kiyoyozi. Beseni lilipopita mbele yake limejaa mpaka ukingoni, alishuka kutoka kwenye kiti akapiga magoti, lakini sauti haikumtoka. Sijawahi kumheshimu mtu kama nilivyomheshimu wakati ule.

Mkate ukaingia tanurini, harufu ikajaa ghorofa yote, makarani wakaanza kutokeza vichwa mlangoni. "'Utoe, uugeuze, uugonge tumboni kama unayebisha hodi. Ukiitika kwa ndani, umeiva.'" Bwana Jembe akaugonga. "Hodi!" Akatega sikio, akatucheka kwa furaha. "Umeitika!"

Watahini wakakata, wakala. Wakakata tena, na hapo nikajua, maana kipande cha pili si cha kutahini. Kengele ikalia, mlango wa kioo ukafunguka, na neno la kwanza alilotamka Bi Hamira baada ya saa tatu na dakika kumi za ububu lilikuwa, "Umechelewa kuutoa dakika mbili!" Kisha akamkumbatia Bwana Jembe hata wakakaribia kuangusha meza.

Barua ilikuja baada ya siku tisa. Mkuu wa chuo aliileta mwenyewe gerejini, anakimbia, mtu mzima na tai. Wifi alikuwa katikati ya darasa, mikono imezama kwenye unga mpaka viwikoni, basi akaniashiria kwa kidevu niipokee mimi niliyekuja na mayai.

Nikafungua, nikasoma kwa sauti. Amefaulu, na ni wa pili katika wote ishirini na wawili. Ameteuliwa mhadhiri wa mikate katika darasa la shahada, chumba kile kile. Na kuanzia muhula ujao kila mwanafunzi wa chuo, wa cheti, wa diploma na wa shahada, atafundishwa kuandika mapishi kwa namna aliyoandika yeye, makosa ya mpikaji yakiwa yametajwa humo humo.

Wanafunzi walipiga makelele, sufuria zikagongwa. Yeye hakuacha kukanda. "Nisomee tena, wifi."

Nikasoma tena.

"Tena."

Mara ya tatu sikufika hata mstari wa pili. Nililia, nawaambia kweli, nililia mbele ya wanafunzi kumi na wanane, mtunza stoo mzima, trei ya mayai mkononi, kwa furaha ambayo sikujua kama ninayo.

Naye analia pia, machozi yanashuka, mikono haitoki kwenye unga. "Lia, wifi yangu, lia," akaniambia. "Lakini sogea kule. Chumvi nimeshaweka."